Jinsi ya kumwangusha adui kwenye tamthilia: tujifunze kwa Littlefinger

Haya, karibu tena. Leo tunaandika anguko la adui. Shika daftari, kisha fungua tamthilia ya Game of Thrones, msimu wa 7, sehemu ya 7, ile iliyorushwa tarehe 27 Agosti 2017. Kama hujaitazama, niache hapa hapa ukaitazame kwanza, maana nitakuharibia utamu.

Hatua ya kwanza: kabla ya kifo, andika silaha ya adui wako. Ya Littlefinger, jina la utani la Lord Baelish, ni mdomo. Humnong'oneza huyu habari za yule, kisha hukaa pembeni kungoja. Safari hii anawachonganisha Sansa na Arya, ndugu wa tumbo moja, kwa barua ya zamani aliyoificha godoroni ili Arya aione. Andika: fitina.

Hatua ya pili: mwache ajione kashinda. Sogeza mbele hadi ukumbini Winterfell, ngome ya akina Sansa. Simamisha. Muone alivyoegemea ukuta, katulia kabisa. Aliyesimama katikati ni Arya, nasi tunajua leo ni zamu yake kuhukumiwa. Sansa anataja mashtaka: mauaji, uhaini. Halafu macho yake yanahamia kwa Littlefinger. Unajibu nini, Lord Baelish? Rudisha nyuma, utazame uso ule tena. Mimi nimerudisha mara sita.

Hatua ya tatu ndiyo yenye kazi. Wengi wetu hapa humgongesha adui na gari, mambo yakaisha. Usifanye hivyo. Mrudishie vya kwake, kimoja kimoja. Msimu wa 1 Littlefinger alimwekea Ned, baba wa Sansa na Arya, kisu shingoni akimwambia kwamba alimwonya asimwamini. (Steringi hafi, tulizoea hivyo, Ned alikatwa kichwa.) Sasa Bran, mdogo wao mwenye uwezo wa kuona yaliyopita, anayarudia maneno yale yale mbele ya ukumbi mzima. Littlefinger anamwamuru Lord Royce, bwana wa kutoka Vale, amsindikize kurudi huko, anakataliwa. Anapiga magoti, analia, anabembeleza, na hakuna anayenunua. Kisu kinachomkata koo ni kile alichompa Bran yeye mwenyewe, naye Bran akampa Arya.

Kasoro ipo. Dada hawa waliigundua fitina yake saa ngapi? Hatuonyeshwi. Isaac Hempstead Wright, aliyeigiza Bran, alisema walirekodi onyesho la Sansa akimwendea Bran kuomba msaada, likakatwa. Wewe usikate: acha japo mlango mmoja unaogongwa usiku.

Haya, ukurasa mpya. Mstari wa kwanza, silaha ya adui wako. Wa pili, jina la atakayeishika siku ya mwisho.