Mstari wa Lakshmana Ulichorwa na Nani?

Mwenyekiti, mabibi na mabwana, ahsanteni. Nimeombwa niizungumzie Ramayana, ule utenzi wa kale wa India uliosimuliwa upya kwa namna nyingi, na swali la kwanza mtakaloniuliza nalijua tayari: "Sasa mwalimu, katika hizo Ramayana zote, ipi ndiyo yenyewe?" Kila niendako naulizwa hilo. Leo nalitangulia, maana nimechoka kulingojea.

Hadithi mnaijua, siirudii yote: Rama anaishi msituni na mkewe Sita na mdogo wake Lakshmana, na Ravana, mfalme wa Lanka, anamteka Sita. Tukae penye tukio moja tu: kutekwa kwa Sita msituni. Rama yuko mbali akimfukuza paa wa dhahabu, sauti inayofanana na yake inalia kuomba msaada, na Sita anamshurutisha Lakshmana amfuate kaka yake. Je, kabla ya kuondoka Lakshmana alifanya nini? Muulizeni mpita njia yeyote pale Varanasi, India, awe amesoma au hakusoma. Atawajibu kwamba alichora mstari mbele ya kibanda, akamwambia shemeji yake asiuvuke. Tarehe 24 Machi 2020, Waziri Mkuu Narendra Modi alipowafungia Wahindi majumbani kwa ajili ya korona, aliwaambia kwamba mlangoni pa kila nyumba umechorwa mstari wa Lakshmana. Hakuhitaji kufafanua. Siku chache baadaye Doordarshan, televisheni ya taifa, ikairudisha hewani tamthilia yake ya Ramayana ya mwaka 1987.

Haya, mfungueni Valmiki, yule mshairi wa Kisanskriti mnayemwita "wa asili". Utafuteni huo mstari. Haumo! Kwa Valmiki, Sita anamshutumu Lakshmana kwamba anamtamani yeye Sita, ndiyo maana hataki kwenda kumwokoa kaka yake. Maneno makali, hasa ukikumbuka anayeyasema ni nani. Lakshmana anajibu kwa uchungu, anamwachia Sita ulinzi wa miungu ya msitu, anaondoka zake. Ravana anafika kwa sura ya mtawa, anakaribishwa kama mgeni, anapewa maji ya kunawa miguu. Kisha anamkamata: mkono wa kushoto kwenye nywele, wa kulia mapajani. Valmiki anasema hivyo hivyo, wala haoni haya.

Waliokuja baadaye ndio walioona haya. Kamban, mshairi wa Kitamil wa karne ya 12 hivi, hakukubali kabisa Ravana amguse Sita. Kwake Ravana anang'oa ardhi na kibanda chake, anabeba vyote. Tulsidas, aliyeanza kutunga yake mwaka 1574 kwa Kiawadhi, lugha ya kaskazini mwa India, akapata njia nyingine: Sita wa kweli anahifadhiwa ndani ya moto, anayetekwa ni kivuli chake. Na mstari? Kwa Tulsidas, pale msituni bado hauuoni. Unatokea mbele sana, huko Lanka, Mandodari anapomsuta mumewe Ravana: kamstari kadogo alikokachora mdogo wake Rama kalikushinda kukavuka, leo ndiye shujaa wewe? Anautaja kwa kupitia tu, kama mtu anayejua wasikilizaji wake wameshausikia mahali pengine.

Nawaona wawili watatu wanatikisa vichwa. "Kumbe mstari ni uongo." Sikusema hivyo. Na wewe kijana unayetabasamu, usifurahi mapema. Sikusema pia kwamba kila mtu asimulie apendavyo. Kamban alikuwa na tatizo ambalo Valmiki hakuwa nalo, akalitatua. Kazi yetu ni kulitafuta hilo tatizo. Ukiishia kuuliza ya kweli ni ipi, umeifunga kazi kabla hujaianza.

Watazameni Wajaini, wafuasi wa dini ya India inayokataza kuua. Katika Paumacariya, Ramayana yao iliyotungwa na Vimalasuri, mfalme anakwenda kulalamika kwa mwanazuoni: nyani wa jeshi la Rama wanawashindaje mashujaa wa Lanka? Inawezekanaje Kumbhakarna, ndugu wa Ravana, alale miezi sita bila kuamka? Basi anasimuliwa upya. Nyani wanageuka kuwa watu, na vichwa kumi vya Ravana vinakuwa uso mmoja uliorudufika ndani ya vito vya mkufu wake. Aliyemuua Ravana ni Lakshmana, kwa sababu Rama wa Wajaini hawezi kuua. Lakshmana anaishia motoni kwa dhambi hiyo. Hawa hawakuikosea hadithi. Waliisoma kwa makini kuliko wengi wetu humu.

"Lakini hii ni dini ya watu, mwalimu." Naam, na ni watu wa dini waliozitunga zote hizi! Mwaka 2011 Chuo Kikuu cha Delhi kiliondoa kwenye mtaala wa historia insha ya msomi A. K. Ramanujan kuhusu wingi wa Ramayana. Wanafunzi walinyimwa kusoma jambo ambalo bibi zao wanalijua.

Naona mwenyekiti ananyooshea saa kidole. Nilitaka niwapeleke Thailand, kwenye Ramakien, Ramayana ya huko, ambako Hanuman, yule nyani shujaa ambaye India ni mseja mtakatifu, ana wapenzi kila anakotumwa, mmoja wao binti wa Ravana mwenyewe. Na Mahabharata, ule utenzi mwingine mkubwa wa India, sijaigusa; wataalamu wa mji wa Pune waliilinganisha miswada yake kuanzia 1919 hadi 1966, kwa hiyo msinidai niimalize kwa dakika mbili. Haya, maswali. Mama wa nyuma kule, wewe kwanza.