Bingwa wa 2013 Hayupo: Adhabu ya Kufuta Ushindi katika Michezo ya Vyuo vya Marekani

Mwenyekiti, asante. Walimu wenzangu, wanafunzi, na nyie mliosimama mlangoni, sogeeni huku, viti vya mbele havina mwenyewe.

Naanza na mguu. Tarehe 31 Machi 2013, mjini Indianapolis, Chuo Kikuu cha Louisville kinacheza na Duke mpira wa kikapu, na mshindi anaingia nusu fainali ya taifa. Kijana wa Louisville, Kevin Ware, anaruka kuzuia mtupo wa mbali, anatua vibaya, na mfupa wa ugoko unavunjika na kutokeza nje ya ngozi mbele ya kamera. Wenzake wakaanguka chini wakilia. Kocha wao, Rick Pitino, akawa anafuta machozi. Ware mwenyewe, kalala pale sakafuni, anawaambia wasihangaike naye, wakashinde mechi. Wakashinda, 85 kwa 63. Tarehe 8 Aprili, mbele ya watu zaidi ya 74,000 huko Atlanta, wakaifunga Michigan 82 kwa 76 wakawa mabingwa.

Sasa nenda kwenye kumbukumbu rasmi za NCAA, chama kinachosimamia michezo ya vyuo Marekani, utafute bingwa wa 2013 wa mpira wa kikapu wa wanaume. Hayupo. Februari 2018 rufaa ya Louisville ilitupwa, ushindi wa mechi 123 ukafutwa, na bendera ya ubingwa iliyokuwa ikining'inia uwanjani kwao ikashushwa. Kosa lenyewe lilikuwa chafu: mtumishi mmoja wa timu alikuwa akilipa wanawake, wacheza uchi na makahaba, waje bwenini kwa wachezaji na kwa vijana wa sekondari waliokaribishwa kukiona chuo ili washawishike kujiunga. Baadhi ya vijana hao hawajafika miaka 18. Hilo sina maneno ya kulitetea, na sikuja kulitetea. Nimekuja kuuliza kama mechi iliyochezwa, mguu ukavunjika ndani yake, inaweza kutochezwa.

Hapa kwetu Tanzania tumezoea ushindi wa mezani. Timu ikimchezesha mtu asiyeruhusiwa, mpinzani anakata rufaa, anapewa pointi tatu na mabao matatu. Tutabishana wiki nzima kuhusu Kamati ya Saa 72, ile inayoamua malalamiko ya ligi, tutaitana majina, lakini pointi zimetoka kwa huyu zimekwenda kwa yule, na msimamo wa ligi umejaa. Kwenye riadha vilevile. Beijing 2008, Rashid Ramzi wa Bahrain alishinda mita 1500, akakutwa na dawa, dhahabu ikaenda kwa Asbel Kiprop wa Kenya aliyemaliza wa pili. (Kwamba Kiprop naye alikuja kufungiwa miaka minne kwa dawa, hiyo ni habari ya siku nyingine.) Mtu amedhulumiwa, haki yake imerudi. Hilo tunalielewa hata bila wakili.

NCAA wanafanya jambo jingine kabisa. Wanamnyang'anya mshindi, halafu hawampi mtu. Michigan hawakuambiwa waje kuchukua kombe la 2013. Wao bado walifungwa fainali, ila aliyewafunga hayupo. Luke Hancock wa Louisville alitokea benchi usiku ule akafunga pointi 22, mitupo mitano ya mbali bila kukosa hata mmoja, akachaguliwa mchezaji bora wa hatua ya nusu fainali na fainali. Baadaye yeye na wenzake kadhaa wakaenda mahakamani, na mwaka 2019 wakafikia mapatano: heshima na takwimu zao binafsi zikarudishwa, ubingwa wa timu ukabaki umefutwa. Kwa hiyo leo Hancock ni mchezaji bora wa fainali ambayo, kwa mujibu wa waandaaji, haikuwa na mshindi. Na hakuna aliyewahi kumhusisha na uchafu wa bwenini.

Kuna kichekesho kingine ambacho wanasheria waliomo humu watakipenda. Mara nyingi kinachofutwa ni ushindi peke yake. Vipigo vinabaki.

Hiyo inatupeleka Penn State, na hapa nitakaa kidogo, kwa sababu kama kuna mahali adhabu hii ilistahili, basi ni Penn State.

Joe Paterno alikuwa kocha mkuu wa futiboli ya Kimarekani pale tangu 1966. Tarehe 29 Oktoba 2011 timu yake iliifunga Illinois 10 kwa 7, nao ukawa ushindi wake wa 409, akampita Eddie Robinson wa Grambling State aliyekuwa na 408. Wiki moja baadaye msaidizi wake wa miaka mingi, aliyekwisha kustaafu, Jerry Sandusky, akakamatwa kwa kuwadhalilisha kingono watoto wa kiume. Novemba 9 bodi ya wadhamini ikamfukuza Paterno kazi kwa simu. Januari akafa kwa saratani ya mapafu. Juni 2012 Sandusky akatiwa hatiani kwa makosa 45, akaja kuhukumiwa kifungo cha kati ya miaka 30 na 60.

Nani alijua nini? Mwaka 1998 mama mmoja alilalamika kwa polisi wa chuo kwamba Sandusky ameoga na mwanawe, mashtaka hayakufunguliwa. Mwaka 2001 msaidizi kijana wa timu, Mike McQueary, alimkuta Sandusky na mtoto kwenye mabafu ya jengo la timu usiku. Kesho yake akaenda nyumbani kwa Paterno kumweleza. Paterno akalipeleka kwa wakubwa wa chuo. Wakubwa hawakwenda polisi wala ustawi wa jamii. Kwa miaka kumi iliyofuata, Sandusky aliendelea kuonekana mitaani kama mfadhili wa watoto. Ripoti ya Louis Freeh, mkurugenzi wa zamani wa FBI, ilisema wakubwa wa chuo, Paterno akiwemo, walificha. Familia ya Paterno ilikataa katakata. Baadaye rais wa chuo na maofisa wawili walitiwa hatiani kwa kuhatarisha ustawi wa watoto.

Tarehe 23 Julai 2012 NCAA wakashusha rungu. Faini ya dola milioni 60. Miaka minne bila michezo ya baada ya msimu. Ufadhili wa wachezaji ukapunguzwa. Na ushindi wote kuanzia 1998 hadi 2011 ukafutwa: mechi 112, kati ya hizo 111 za Paterno. Kutoka 409 akashuka hadi 298. Vipigo vyake 136 vikabaki vyote. Msimu wa 2005 timu yake ilishinda mechi 11 na kufungwa moja. Kitabu kikaandika timu iliyofungwa mechi moja na haikushinda hata moja.

Wanaoiunga mkono adhabu hii wana hoja nzito, na naiheshimu. Wanasema: ukimya ule ulikuwa unalinda nini? Ulilinda jina la timu, na jina la timu lilikuwa rekodi ya mzee. Basi chukua kile walichokuwa wanakilinda. Na mwaka wa kuanzia, 1998, haukuokotwa. Ndio mwaka wa lalamiko la kwanza. Ukiniambia hivyo, kwa dakika kadhaa sina jibu.

Halafu ikaja Januari 2015.

Seneta wa jimbo la Pennsylvania, Jake Corman, alikuwa amefungua kesi akitaka ile milioni 60 itumike ndani ya jimbo lake kuzuia udhalilishaji wa watoto. Kesi ikatoboa mambo. Zikatoka barua pepe za ndani za NCAA ambamo maofisa wao wenyewe walikuwa wanatilia shaka kama walikuwa na mamlaka juu ya jambo lile, na mmoja akaeleza kwamba walichokuwa wakikifanya kwa Penn State ni kutishia tu. Kesi ilipokaribia kusikilizwa, wakapatana. Tarehe 16 Januari fedha zikabaki Pennsylvania, na ushindi wote 112 ukarudi. Paterno akawa na 409 tena.

Hebu tulieni hapo. Kati ya 2012 na 2015 hapakupatikana jambo jipya la kumsafisha Paterno. NCAA hawakusema ripoti ilikosea kuhusu 2001. Ushindi ulirudi kwa sababu kulikuwa na kesi ya fedha, na kwenye meza ya mapatano lazima kila upande utoe kitu. NCAA walitoa kile kisichowagharimu hata senti. Hapo ndipo ninapoachana na wenzangu wanaotetea adhabu hii: kitu unachoweza kukifuta kwa tangazo la asubuhi, utakirudisha kwa tangazo la mchana, na siku ya kukirudisha watu wataelewa kwamba mtuhumiwa ameonekana hana kosa. Ndivyo walivyoelewa. 409 ilikuwa imeshageuka nembo ya upinzani, kwenye fulana, kwenye vibandiko vya magari. Miaka miwili na nusu chuo kizima kilibishana juu ya hesabu ya mechi. Ile 45 ya mahakama, makosa juu ya miili ya watoto, sijaiona kwenye fulana ya mtu.

Na kuna Eddie Robinson, ambaye karibu kila anayesimulia habari hii humpita haraka. Robinson alifundisha Grambling, chuo cha Weusi huko Louisiana, kuanzia 1941 hadi 1997. Alianza wakati ambapo kijana mweusi wa Kusini, hata awe na mbio za namna gani, hakupokelewa kwenye vyuo vikubwa vya Weupe vya jimbo lake. Robinson aliwachukua hao akawajenga, na wengi akawafikisha ligi ya kulipwa. Alifariki 2007 akiwa na ushindi 408, namba moja katika daraja lake. Oktoba 2011 akapitwa, uwanjani, kihalali kwa jinsi watu walivyojua siku ile. Julai 2012 akarudishwa juu kwa barua. Januari 2015 akashushwa kwa barua. Mara zote hizo hakuna aliyekuwa anamfikiria yeye. Mnapofuta rekodi ya mtu mmoja mnahamisha jirani zake wote, wawe wametaka au hawakutaka. Wa pili kunufaika alikuwa Bobby Bowden wa Florida State, aliyekuwa kinara wa vyuo vikubwa kwa ushindi 377. Naye angekuwa na 389 kama 12 zisingefutwa kwa kashfa ya wanafunzi kusaidiwa mitihani. Mfutwa kamrithi mfutwa.

Mtaniambia: lakini inatisha, makocha wataogopa. Tuangalie makocha. John Calipari, kocha wa mpira wa kikapu, alifikisha timu mbili nusu fainali ya taifa, Massachusetts mwaka 1996 na Memphis mwaka 2008, na safari zote mbili zikafutwa vitabuni. Kwa haki yake, yeye binafsi hakukutwa na kosa. Ila hukumu ya Memphis ilipotoka, ushindi 38 ukafutwa, alikuwa ameshahamia Kentucky kwa mshahara mnono, akachukua ubingwa 2012, na 2015 akaingizwa kwenye jumba la heshima la mchezo huo. Waliobaki na msimu uliofutwa ni vijana wa Memphis. Sijui kocha gani anatetemeka akisikia hilo.

Halafu sheria zenyewe zinabadilika. Reggie Bush, mchezaji wa futiboli ya Kimarekani wa Southern California: familia yake ilipokea fedha na makazi kutoka kwa watu waliotaka kuwa mawakala wake. Mwaka 2010 chuo kikaadhibiwa, ushindi 14 ukafutwa, Bush akarudisha tuzo ya Heisman, ile ya mchezaji bora wa mwaka. Tangu Julai 2021 wachezaji wa vyuo wanaruhusiwa kulipwa kwa matumizi ya majina na sura zao, na Juni 2025 mahakama ikaidhinisha mapatano yanayoviruhusu vyuo kuwalipa moja kwa moja. Heisman ya Bush ilirudishwa Aprili 2024. Ushindi wa timu yake hawakuurudisha. Sisemi alichopokea ni kilekile kinachoruhusiwa leo. Mawakala ni habari nyingine. Lakini kijana wa leo akisoma orodha ile, hatajua kama Bush aliiba, alidanganya, au alikula mapema.

Suala hili linatuhusu kuliko linavyoonekana. Suleiman Nyambui wetu alikimbia kwa niaba ya chuo cha Texas kule El Paso kabla na baada ya medali yake ya fedha ya Moscow 1980. Henry Rono wa Kenya alikuwa Washington State. Vijana wetu bado wanakwenda huko kwa ufadhili wa mbio, na wanajikuta ndani ya timu ambazo hawakuziunda, chini ya makocha ambao hawakuwachagua.

Ningefanya nini? Kwanza fedha, kwa sababu fedha ndizo zinazofanya chuo kinyamaze. Pili, mtu mwenyewe, azuiwe kufanya kazi kokote anakokwenda. Matokeo yaachwe, na chini yake yachapwe yaliyogunduliwa.

NCAA wenyewe wameanza kuelekea huko. Agosti 2025 waliihukumu timu ya futiboli ya Michigan kwa mtandao wa mtumishi aliyekuwa akituma watu viwanjani kurekodi ishara za makocha wa wapinzani. Faini ya mamilioni mengi ya dola, adhabu ndefu kwa mtumishi huyo na kwa kocha wa zamani Jim Harbaugh, aliyekwisha kuhamia ligi ya kulipwa. Kamati ilisema kuwafungia michezo ya baada ya msimu kungewaumiza wachezaji wa sasa kwa makosa ya watu walioondoka. Ushindi haukuguswa. Mashabiki wa Ohio State, watani wa jadi wa Michigan, walikasirika, na nawaelewa, mimi pia nina timu. Lakini ubingwa ule wa Januari 2024, Washington akifungwa 34 kwa 13, ningeuacha ulipo, na hukumu nzima ya kamati ichapwe chini ya matokeo, kwa herufi zilezile.

Mwenyekiti ananyoosha kidole kwenye saa. Nani anaanza?