Jinsi ya kuunganisha mifupa ya mguu wa kuku bila kupoteza hesabu ya vidole

Karibuni. Hapa mezani nina miguu miwili ya kuku jike, ile sehemu ya magamba kuanzia kwenye kiungo hadi kwenye kucha. Leo tutashughulika na mmoja tu. Tukimaliza, mifupa 16 itakuwa imesimama juu ya kibao, kila mmoja mahali pake, halafu tutaihesabu pamoja. Nimeshafanya kazi hii mara nyingi, na kila nikifika kwenye kuhesabu bado nasisimka, maana vidole hivi vinahesabika sawasawa na vya Tyrannosaurus rex, yule dinosaria mkubwa mla nyama.

Kwanza umri. Tafuta kuku aliyekomaa. Kuku wa nyama wa wiki sita hafai kwa kazi hii: ncha za mifupa yake bado ni gegedu, ukichemsha zinatoka kama vifuniko. Pia hesabu vidole kabla ya lolote. Viwe vinne. Kuku wa aina ya Silkie na Dorking huwa na vitano, na hesabu ya leo itakuvuruga.

Ukikata, pitisha kisu katikati ya kiungo, usikate mfupa. Wengi hukiita kiungo hiki goti, halafu wanashangaa kwamba goti la kuku linakunjika kinyumenyume. Hili si goti. Goti liko juu, limejificha kwenye manyoya karibu na tumbo, na linakunjika kama la kwako. Hapa ni kifundo cha mguu. Nyanyuka kidogo usimame kwa vidole, visigino viwe hewani. Hivyo ndivyo kuku anavyosimama maisha yake yote.

Usikimbilie sufuria. Kabla ya kuchemsha kuna kitu nataka ukione, na mguu ukishachemshwa hutakiona tena. Hapa nyuma palipokatwa kuna kano nyeupe zinazong'aa. Naishika moja kwa kibano, navuta... Subirini, kiganja changu kimeziba kamera. Nasogea huku. Haya, navuta tena. Mmeona vidole vinavyofumba? Misuli mikubwa inayovifunga haiko kwenye vidole, iko juu huko kwenye muundi, na inavuta kwa kano kama mtu anavyovuta kamba. Shika mkono wako chini ya kiwiko, kisha chezesha vidole: utasikia misuli ikicheza huko huko juu. Mimi sehemu hii naipenda kuliko zote, nikiwa peke yangu navuta hata mara kumi.

Sasa sufuria. Mwagia mguu maji ya moto, menya magamba, tumbukiza, moto mdogo. Maji yasitokote. Yakitokota kwa nguvu mafuta yanaingia ndani ya mfupa, na kuyatoa ni kazi ya majuma. Kwa kuku wangu wakubwa huchukua kama saa moja na nusu. Mikono na meza osha kwa sabuni, hii ni nyama mbichi.

Nyama imelainika. Sasa simama hapo hapo ulipo, usiguse kitu, nisikilize.

Usivue vidole vyote kwa pamoja. Kidole kimoja, ukimalize, ndipo ushike kingine. Mara ya kwanza mimi niliacha mguu mzima ukasambaratika ndani ya sufuria, nikamwaga kwenye chujio, nikabaki na lundo la vijifupa. Vya kidole cha ndani nilivitambua. Vya kidole cha nje, zile pingili tatu za katikati, zinafanana mno, fupi fupi zote. Niliziunganisha nilivyodhani, na ule mguu hadi leo kidole chake kimepinda upande. Kwa hiyo: kimoja kimoja.

Nabandika utepe wa gundi mezani, upande unaonata ukiwa juu, mistari minne. Naanza na kidole kinachotazama nyuma, ndicho cha kwanza. Navuta kucha: inatoka ala ya nje, kama ala ya kisu, na ndani yake kuna mfupa wenye ncha. Ala usitupe, tutairudisha. Halafu pingili moja. Jumla mbili. Nazibandika kwa mpangilio niliozitoa nao.

Hapa kuna mtego wa pili. Ukiondoa kidole cha nyuma, kuna kijifupa kingine kinachobaki kwenye nyama, kidogo, kama kijiti kilichopindwa. Kimeshikiliwa na kano tu ubavuni mwa mfupa mrefu. Kila mtu anakitupa akidhani ni takataka. Usikitupe! Huo ni mfupa wa wayo wa kidole hicho, na bila huo kidole cha nyuma hakina pa kushika. Tyrannosaurus alikuwa nao vilevile, kijifupa kifupi kilichoegemea ubavuni bila kufika kwenye kifundo, na kidole chake kidogo kilining'inia juu ya ardhi.

Kidole cha pili, cha ndani: tatu. Cha tatu, cha katikati: nne. Haraka haraka, hivi havina shida.

Cha nne, cha nje. Pumua. Kucha. Pingili. Nabandika. Pingili. Nabandika. Pingili... imeanguka. Imedundia mezani ikaenda chini. Nasimamisha kidogo.

Nimerudi. Ilikuwa chini ya kiti. Na mnaona sasa faida ya utepe: nafasi yake iko wazi inaisubiri, sina haja ya kukisia. Ya nne ile pale, na ya tano, ambayo ndiyo ndefu na imegusana na mfupa mrefu. Ukiwa na wasiwasi ipi ielekee wapi, tazama ncha zake: ncha ya upande wa mwili ina kikombe, ncha ya upande wa kucha ina umbo la kapi, kama gurudumu lenye mfereji. Kikombe hukaa juu ya kapi la mwenzake. Andika namba kwa penseli. Wino unazama kwenye mfupa, haufutiki.

Kusafisha kunachukua siku nyingi lakini maelezo yake ni machache. Kila kidole kwenye kikopo chake, maji ya vuguvugu na sabuni ya kuoshea vyombo, badilisha maji yakichafuka, mpaka utando wa mafuta usionekane tena juu. Kisha haidrojeni peroksaidi ya asilimia 3, siku moja. Dawa ya klorini ya kufulia usiiguse. Inang'arisha vizuri siku hiyo, lakini inaendelea kuula mfupa hata ukishausuuza, baada ya muda unakuwa kama chaki. Kausha kivulini.

Hii ni mifupa ya mguu ule ule, sasa mikavu. Anza na mfupa mrefu. Ugeuze chini: vichwa vitatu vya kapi. Mfupa mmoja una vichwa vitatu kwa sababu kuku alipokuwa ndani ya yai ilikuwa mifupa mitatu mbalimbali ya wayo, ikakua ikaungana, pamoja na vijifupa vya kifundo pale juu. Pitisha ukucha upande wa mbele utausikia mfereji. Kwa Tyrannosaurus mitatu ile ilibanana lakini haikuungana.

Gundi iwe nyeupe ya maji, ya mbao. Ile inayokauka papo hapo haikupi nafasi ya kusahihisha, na kwenye kidole cha nje utasahihisha, nakuhakikishia. Gundisha kutoka mfupa mrefu kwenda kwenye kucha, shikilia hadi ishike. Kidole cha nje mwisho. Soma namba zako za penseli kabla ya kila tone. Soma tena.

Sasa hesabu na mimi, kutoka cha nyuma: mbili, tatu, nne, tano. Jumla 14. Ongeza mfupa mrefu na kile kijiti, 16.

Mbili, tatu, nne, tano. Mjusi, vidole vinne vya kwanza vya mguu wa nyuma: mbili, tatu, nne, tano. Tyrannosaurus, aliyetoweka miaka milioni 66 iliyopita: mbili, tatu, nne, tano. Sasa vua kiatu. Kidole gumba chako kina pingili mbili, vingine tatu tatu. Babu wa pamoja wa sisi na kuku aliishi zaidi ya miaka milioni 300 iliyopita, na mguu wake ulikuwa na hesabu ile ndefu. Ukoo wetu sisi mamalia ulizipunguza. Kuku alipoteza kidole cha tano, lakini kwenye vinne vilivyobaki hakupunguza hata pingili moja. Kwenye jambo hili mguu wa kuku ni wa kale kuliko wako.

Mwaka 1836 Mmarekani Edward Hitchcock alieleza nyayo za vidole vitatu zilizokutwa kwenye mawe ya bonde la mto Connecticut. Akasema ni za ndege wakubwa. Zilikuwa za dinosaria. Mimi simlaumu hata kidogo. Kwenye nyayo zilizo safi unaona hata vijinyama vya chini ya vidole, na cha nje kina vingi kuliko cha ndani, kama huyu hapa mezani. Aliusoma mguu vizuri, ila mwenye mguu ndiye hakuwa amejulikana bado.

Zimebaki ala za kucha. Tone dogo la gundi ndani, visha. Hii ya kidole cha nyuma inalegea kidogo, naifungia uzi mpaka kesho. Mguu wa pili uko kwenye maji tayari, na kumbuka ule ni wa kulia: usichanganye vikopo vyake na hivi.