Wakubwa Wasiovaa Taji

Mabibi na mabwana, asanteni kwa kufika.

Mtu akiombwa awataje wachezaji wakubwa wa sataranji, mara nyingi huanza na mabingwa wa dunia. Atamtaja Lasker, Capablanca na Alekhine, ashuke hadi Fischer, Kasparov na Carlsen, amalizie na Gukesh, kijana wa India aliyetwaa taji Desemba 2024 akiwa na miaka 18. Orodha hiyo naiheshimu. Ila leo nimekuja kuwasemea wale ambao majina yao hayamo. Naamini kwa dhati kwamba ukiwaacha nje, historia ya mchezo huu huielewi hata nusu.

Nianze na Akiba Rubinstein, mzaliwa wa Poland. Mwaka 1912 alishika nafasi ya kwanza, mara moja kwa kugawana, katika mashindano matano, yakiwemo ya San Sebastián na Breslau. Zama hizo hakukuwa na shirikisho la dunia. Shirikisho la leo, FIDE, lilizaliwa Paris mwaka 1924. Bingwa ndiye aliyeamua acheze na nani, na anayelitaka taji alilazimika kwanza kutafuta fedha za kuiandaa mechi. Rubinstein na Lasker walikubaliana wapambane mwaka 1914. Vita Kuu ikalipuka, mechi ikafa, na nafasi haikurudi tena. Hata hivyo, namna alivyokuwa akicheza mwisho wa mchezo, pale kila mmoja amebaki na mfalme, ngome na askari wachache, inafundishwa mpaka leo.

Paul Keres wa Estonia yeye alimaliza wa pili, peke yake au kwa kugawana, katika mashindano manne mfululizo ya kumtafuta mpinzani wa bingwa, kuanzia 1953 hadi 1962. Mara nne! Sijui moyo wa namna gani unastahimili hilo.

Halafu kuna David Bronstein. Mwaka 1951 mjini Moscow alimkabili bingwa wa dunia, Mikhail Botvinnik, katika mechi ya michezo 24. Alishinda wa 21, akashinda na wa 22, akawa mbele kwa pointi moja huku imebaki michezo miwili tu. Mchezo wa 23 ukaahirishwa hadi siku ya pili, kama ilivyokuwa desturi: mchezaji mmoja anaandika hatua yake, inafungwa kwenye bahasha, na kila upande unakwenda kuumiza kichwa usiku kucha. Waliporudi ubaoni, Botvinnik akamkaba taratibu mpaka ikafika hali ambayo ni zamu ya Bronstein kucheza na kila anachoweza kukigusa kinazidi kumharibia. Hakuwa ametishwa mfalme. Tatizo lake lilikuwa ni ile zamu yenyewe. Akafikiri muda mrefu, kisha akasalimu amri. Mchezo wa mwisho ukawa sare, matokeo 12 kwa 12, na kanuni ilisema wakilingana bingwa anabaki na taji lake. Bronstein hakulikaribia tena, lakini kila mchezaji anayeongezewa sekunde kadhaa kwenye saa kwa kila hatua anafaidi wazo ambalo yeye alilipigania kwa miaka mingi.

Sasa nimfikie Viktor Korchnoi, na hapa mniwie radhi nikikawia, maana huyu ndiye ninayempenda kuliko wote.

Alizaliwa Leningrad mwaka 1931. Baba yake alikufa vitani, naye mwenyewe akiwa mtoto alinusurika katika mzingiro wa mji ule, ambao uliua watu kwa njaa kwa mamia ya maelfu. Alikua akawa bingwa wa Umoja wa Kisovyeti mara nne. Mwaka 1974 alishindwa na Anatoly Karpov kwa tofauti ndogo katika mechi ya kumpata mpinzani wa Fischer, bingwa wa wakati huo, na Fischer alipokataa kucheza mwaka 1975, Karpov akapewa taji. Mwaka uliofuata, baada ya mashindano ya Amsterdam, Korchnoi hakurudi nyumbani. Mke na mwanawe walibaki nyuma, na baadaye kijana huyo alifungwa kwa kukwepa jeshi.

Katika hali hiyo akaenda Baguio, Ufilipino, mwaka 1978 kupambana na Karpov. Mshindi angekuwa wa kwanza kufikisha ushindi mara sita, sare hazihesabiwi. Walicheza miezi mitatu. Baada ya michezo 27 Karpov alikuwa na tano, Korchnoi mbili. Yaani kosa moja tu na kila kitu kimekwisha. Korchnoi, mwenye miaka 47, akashinda wa 28. Akashinda wa 29. Wa 30 sare. Akashinda wa 31. Tano kwa tano! Wa 32 akapoteza.

Wengi wangeishia hapo. Yeye alirudi tena kumkabili Karpov mwaka 1981 mjini Merano, Italia, akashindwa vibaya zaidi, na bado akaendelea kucheza. Januari 2011, akiwa na miaka 79, alimshinda Fabiano Caruana huko Gibraltar. Caruana alikuwa na miaka 18, na tayari yumo miongoni mwa wachezaji bora duniani. Mwaka huohuo, akiwa ametimiza 80, Korchnoi akawa bingwa wa Uswisi, nchi aliyohamia.

Namalizia kwa wanawake wawili. Nona Gaprindashvili wa Georgia alikuwa bingwa wa dunia wa wanawake tangu 1962 hadi 1978, na ndiye mwanamke wa kwanza kupewa cheo cha grandmasta, kile cha juu kabisa kwa wachezaji wa sataranji. Judit Polgár wa Hungaria alikwenda njia nyingine: taji la wanawake hakuligombea kabisa, akataka ushindani mmoja kwa wote. Alipata ugrandmasta Desemba 1991 akiwa na miaka 15 na miezi michache, akavunja rekodi ya Fischer ya mwaka 1958. Mwaka 2005 alicheza mashindano ya ubingwa wa dunia kule San Luis, Argentina, mwanamke pekee kati ya wanane. Alimaliza wa mwisho. Lakini mpaka leo hakuna mwanamke mwingine aliyewahi kufika hapo.

Mwaka 1994 kule Linares, akiwa na miaka 17, alikuwa akicheza na Garry Kasparov. Kasparov alisogeza farasi, akamwachia kwa nukta ya muda, akaona hatua ile itamletea hasara, akamhamishia farasi mraba mwingine. Kanuni hairuhusu: ukishaiachia kete, hatua imekwisha. Picha za video zilionyesha vidole vyake vimeachia. Judit, mbele ya bingwa wa dunia, hakumwita mwamuzi, na mchezo akaupoteza.

Walikutana tena Moscow, Septemba 2002, katika mchezo wa kasi. Huo ndio nilioupanga kwenye ubao huu mkubwa. Judit ana kete nyeupe, na kwa hatua 42 Kasparov anasalimu amri. Walio nyuma sogeeni mbele tuupitie hatua kwa hatua.