Fred Archer: Bingwa Aliyeshindana na Mizani

Ndugu zangu, itazameni kwanza picha hii. Mashavu yamebonyea, macho yamezama. Huyu ndiye Fred Archer, bingwa wa wapanda farasi wa Uingereza miaka 13 mfululizo, 1874 hadi 1886. Alishinda mbio 2,748, na Derby ya Epsom, mbio maarufu za farasi za Uingereza, akaichukua mara tano.

Alizaliwa Cheltenham mwaka 1857. Baba yake naye alikuwa mpanda farasi. Alipotimu miaka 11 alipelekwa Newmarket, kwa mfunzaji wa farasi Mathew Dawson, akajifunze kazi.

Ngojeni niwasimulie Derby ya 1880, maana hapo ndipo ninapomwona mtu mwenyewe. Wiki chache kabla ya siku hiyo, farasi aitwaye Muley Edris alimvamia, akamng'ata mkono na kuurarua msuli. Mwingine angebaki kitandani. Archer alikwenda Epsom mkono umefungwa bendeji na kuegemezwa kwa chuma, akampanda Bend Or. Farasi mpinzani, Robert the Devil, alikuwa ametangulia, mwisho unakaribia. Archer akamsukuma farasi wake hatua kwa hatua, akampita mwenzake penye mstari kwa urefu wa kichwa cha farasi tu!

Lakini adui wake wa kila siku alikuwa mizani. Alikuwa na urefu wa karibu sentimita 178, na kazi yenyewe inataka watu wafupi, wepesi. Basi akawa anakula kidogo mno, anakunywa dawa kali ya kumfanya aharishe, aliyotengenezewa na daktari, anakaa kwenye hamamu la mvuke mpaka jasho limkauke. Mwaka 1885 alishinda mbio 246 katika hali hiyo. Watu walimshangilia, na mimi naamini wengi wao waliuona mwili ule ukiisha.

Januari 1884 mtoto wake wa kwanza alifariki akiwa mchanga kabisa. Novemba mwaka huohuo mkewe, Helen Rose, akafariki baada ya kujifungua binti. Miaka miwili baadaye Archer alijinyima tena ili ampande St Mirin katika mbio za Cambridgeshire. Akashindwa kwa kichwa. Muda si mrefu homa ya matumbo ikamkuta hana akiba yoyote mwilini. Tarehe 8 Novemba 1886, homa imempanda na akili imevurugika, alijitoa uhai nyumbani kwake Newmarket. Alikuwa na miaka 29. Binti yake alikuwa na miaka miwili tu.