Siku 30 na Theluthi Moja

Ndugu zangu wafanyabiashara, haya nimeyasema Kariakoo, nimeyasema Mbeya, na leo nayarudia hapa Mwanza kwa sababu watu bado wanaumia. Kesi za kodi zinatupwa kabla hata ya kusikilizwa.

Kuna mzee mmoja mwenye duka la vifaa vya ujenzi. Alikadiriwa kodi nzito na Mamlaka ya Mapato (TRA) kwa kuwa fedha zote zilizoingia benki zilihesabiwa kuwa mauzo. Ukizikagua, nyingi ni zake mwenyewe, kazihamisha kutoka akaunti moja kwenda nyingine, na nyingine ni mkopo. Taarifa za benki anazo. Kesi nzuri kabisa! Lakini mhasibu wake akamwambia, "Tulia mzee, tunaongea nao." Wakaongea. Siku ya 41 ndipo pingamizi la maandishi likapelekwa, na shilingi haikulipwa.

Sheria ya Usimamizi wa Kodi ya mwaka 2015 inakupa siku 30 za kuweka pingamizi tangu upokee makadirio. Siku 30! Na ulipe theluthi moja ya kodi iliyokadiriwa, au kile usichobishania, kilicho kikubwa kati ya hivyo viwili. Huna uwezo? Mwandikie Kamishna Mkuu wa TRA akupunguzie. Unaumwa, uko nje ya nchi? Omba muda uongezwe. Kwa maandishi! Mazungumzo hayasimamishi siku.

TRA wakapeleka benki hati ya kudai kodi hiyo, fedha za mzee zikashikwa. Mzee akakimbilia mahakama ya kawaida. Upande wa pili ukaweka pingamizi la awali, yaani hoja ya kuzuia kesi isisikilizwe: migogoro ya kodi huanzia Bodi ya Rufaa za Kodi, mahakama hii haina mamlaka. Shauri likatupwa. Zile taarifa za benki hakuna aliyezifungua. Pale nje mzee akaniuliza, "Mwanangu, mbona hawajaniuliza kama nadaiwa kweli?" Sikuwa na la kumjibu.

Najua kuna mtu hapa anasema moyoni: Katiba, Ibara ya 107A, inataka haki itendeke bila kufungwa na masharti ya kiufundi. Soma yote, ndugu yangu! Imeandikwa "kufungwa kupita kiasi". Kupita kiasi! Mwaka 2018 sheria ikaongezwa ili mahakama ziangalie zaidi kiini cha haki, mawakili wakashangilia. Mwaka huohuo Mahakama ya Rufani, katika rufaa ya kijiji cha Mondorosi, ikasema kanuni hiyo haitumiki kiholela kuvunja masharti ya lazima yanayogusa msingi wa shauri. Muda na mamlaka ndiyo msingi wenyewe.

Je, theluthi ile haimwonei mwenye duka dogo? Inamwonea, na nitaendelea kuipigia kelele kwa wabunge. Lakini hadi ibadilishwe, usiikaidi kwa kunyamaza.

Naona naonyeshwa saa. Haraka haraka basi: ukikataliwa pingamizi, toa kusudio la rufaa kwa Bodi ndani ya siku 30, rufaa yenyewe ndani ya 45. Kutoka hapo ni Baraza la Rufaa za Kodi. Mahakama ya Rufani inapokea hoja za sheria tu, hesabu zako malizia huko chini.

Kabla ya maswali, yeyote aliyekuja na barua ya makadirio mkobani aje mbele sasa hivi. Tuangalie tarehe aliyoipokea.