Kura Moja ya Buck O'Neil

Mwenyekiti, asante. Wakubwa zangu shikamooni. Wadogo, marahaba, hata kama hamjaniamkia.

Naona pale nyuma watu wameshaanza kuguna: mzee huyu tena, na Buck wake. Ndiyo, ni mimi tena, na ni Buck yule yule, Buck O'Neil, mchezaji mweusi wa besiboli wa hapa kwetu Kansas City. Siku nitakapoona mtu anatuzwa akiwa bado na meno yake mdomoni, nitabadilisha mada.

Sheria za mchezo sielezi. Asiyejua mrushaji anafanya nini na mpigaji anafanya nini akamuulize mjukuu wake nyumbani. Sisi tulioingia Kansas City na soka vichwani, wenye kutoka Kigoma, wenye kutoka Bukavu na Uvira, besiboli tumefundishwa na watoto. Leo nazungumzia kura. Kule Cooperstown, jimbo la New York, kuna kile kinachoitwa Ukumbi wa Umaarufu wa besiboli. Mimi nitasema Jumba, nisimalize pumzi. Ukichaguliwa, sura yako inachorwa kwenye bamba la shaba nyeusi na bamba linatundikwa ukutani milele. Ugomvi wangu ni nani anachagua, na anachagua lini.

Jumba lenyewe, kwanza, lina msingi wa uongo. Mwaka 1907 tume moja iliamua kwamba besiboli ilibuniwa na Abner Doubleday, hapo hapo Cooperstown, mwaka 1839. Mwaka huo Doubleday alikuwa mwanafunzi wa chuo cha jeshi cha West Point. Baadaye ukaokotwa mpira mkuukuu kwenye dari ya nyumba moja jirani, mshono umefumuka, ndani umeshindiliwa matambara, wakasema huo ndio wa Doubleday. Tajiri mmoja wa pale, Stephen Clark, akaununua kwa dola 5, na kutoka hapo wazo la makumbusho likazaliwa. Mpira wa matambara, ndugu zangu! Chandimu! Utoto wangu wote nimepiga chandimu na hakuna tajiri aliyenifuata na dola 5.

Haya. Milango ilifunguliwa Juni 1939, lakini kura zilianza 1936. Wapiga kura walikuwa waandishi wa habari za besiboli, na wa kuingia sharti apate asilimia 75. Zilipigwa kura 226, wakavuka watu 5: Ty Cobb 222, Babe Ruth na Honus Wagner 215 kila mmoja, Christy Mathewson 205, Walter Johnson 189. Sasa turudi kwa Ruth. Toeni 215 kwenye 226. Waandishi 11, watu wazima wenye kazi zao, waliliona jina la Babe Ruth, gwiji wa kupiga, wakaliruka. Na Cy Young, ambaye tuzo ya mrushaji bora wa mwaka leo inaitwa kwa jina lake, alipata 111, hata nusu haikutimia. Mwaka uliofuata ndipo akapenya, kwa asilimia 76 na ushee.

Najua jibu lao. Sisi tunalisema kwa ufupi zaidi kuliko wao: mgema akisifiwa, tembo hulitia maji. Lakini Ruth alikuwa ameshastaafu, jamani! Angetia maji tembo lipi? Na ugonjwa huo haukupona. Willie Mays, 1979, waandishi 23 walimwacha. Hank Aaron, 1982, walimwacha 9. Mtu wa kwanza kupata kura zote ni Mariano Rivera, mwaka 2019, 425 kwa 425. Ilichukua miaka 83 waandishi kukubaliana juu ya binadamu mmoja.

Ila hao wote waliingia, tena wengi wao kwa miguu yao wenyewe. Hasira yangu haiko kwao.

Njooni hapa mtaani kwetu, kona ya 18 na Vine. Wangapi mmeingia makumbusho ya Ligi za Weusi? Nyoosheni mikono. Aibu! Kilometa ngapi kutoka hapa? Mkiingia, mtakuta uwanja mdogo wenye sanamu za shaba nyeusi za wachezaji, kila mmoja kwenye nafasi yake. Lakini hamruhusiwi kuukanyaga kwanza. Mnauangalia kupitia waya wa kufugia kuku, na historia yote mnaisoma mkiuzunguka, mpaka mwisho kabisa ndipo mnaingia uwanjani. Waliobuni hivyo walijua wanachofanya. Weusi walizuiwa ligi kuu mpaka Jackie Robinson alipoingia timu ya Brooklyn mwaka 1947, kwa hiyo walikuwa na ligi zao, na wengine walizeekea humo.

Makumbusho hayo yalianzishwa mwaka 1990, na mmoja wa waliohangaika nayo ni huyu Buck O'Neil. Kijana wa Florida, amezaliwa 1911, amevuna figili majani kwenye mashamba ya Sarasota, shule ya sekondari ya mji wake haikupokea watoto weusi. Akaja hapa akachezea Kansas City Monarchs, timu ya Ligi za Weusi, kisha akawa meneja wao. Gwiji Ernie Banks amepita mikononi mwake. Alipohamia Chicago Cubs, timu ya ligi kuu, kama msaka vipaji, ndiye aliyemsainisha gwiji mwingine, Lou Brock, na mwaka 1962 akawa kocha mweusi wa kwanza wa ligi kuu. Baada ya hapo alizunguka nchi nzima miaka na miaka akisimulia habari za wenzake, watu ambao Marekani ilikuwa imewasahau kabisa.

Mwaka 2006 Jumba likaunda kamati maalumu ya watu 12 kupitia majina 39 ya enzi hizo za ubaguzi. Mtu apate kura 9. Buck yuko hai, ana miaka 94, yuko pale pale 18 na Vine anasubiri simu na watu wamejaa. Kamati ikapitisha 17. Wote 17 marehemu. Buck hayumo. Hesabu haikutangazwa, lakini iliyosambaa ni kwamba alipungukiwa kura moja.

Mimi ningenuna. Semeni ukweli, na nyinyi mngenuna. Yule mzee aliposikia ni 17 akafurahi! Na ilipofika Julai, kwa kuwa marehemu hawawezi kujisemea, Jumba likamwomba yeye, waliyemkataa, aende Cooperstown kuwasemea. Akaenda. Video ipo, tazameni. Mzee wa miaka 94 amesimama wima, anachekesha watu, halafu anawaambia wote washikane mikono, pamoja na wale magwiji walioketi nyuma yake jukwaani, waimbe naye wimbo mfupi wa upendo. Wakaimba. Ametoka kunyimwa nafasi na anawaimbisha!

Oktoba 6 mwaka huo huo akafariki.

Mwaka 2008 wakamwekea sanamu Cooperstown na kuanza kutoa tuzo yenye jina lake. Desemba 2021 wakamchagua rasmi. Julai 2022 bamba likatundikwa, na aliyesimama kumsemea ni jamaa wa familia yake. Miaka 15 na zaidi! Alibadilisha nini akiwa kaburini? Aliongeza mbio? Alisaini kijana mwingine?

Hapo kuna mtaalamu mmoja, namfahamu, yuko humu, husema: "Mzee, kwa takwimu za uwanjani Buck hakuwa Josh Gibson." Sikatai. Gibson, yule mpigaji hodari wa Ligi za Weusi, ni Gibson. Takwimu za Ligi za Weusi zilipounganishwa na za ligi kuu mwaka 2024, wastani wake wa kupiga, .372, ukampita Cobb mwenye .367. Lakini kamati ile ile ya 2006 ilimwingiza Effa Manley, mwanamke wa kwanza Jumbani, na Mama Manley hakuwahi kushika gongo kwenye mechi, alikuwa mmiliki wa timu ya Newark Eagles. Alistahili. Kwa hiyo mlango wa mchango ulikuwa wazi, usiniambie habari za takwimu.

Kwetu mtu akifa husomwa wasifu. Tumekaa kwenye turubai, tunasikia marehemu alikuwa mcheshi, alijenga zahanati, alisomesha yatima. Yeye tu ndiye hasikii. Nilidhani ni tabia yetu, kumbe Wamarekani wameijengea jumba.

Na siyo Buck peke yake. Mwaka 1966 Ted Williams, mzungu, gwiji, siku anaingizwa yeye, alitumia hotuba yake kuomba Satchel Paige, mrushaji gwiji wa Ligi za Weusi, na Gibson nao wafikiriwe, kwa sababu kosa lao lilikuwa kutopewa nafasi tu. Gibson alikuwa amekufa tangu 1947. Jumba likajibu mwaka 1971, na unajua lilijibu vipi? Lilimchagua Paige, halafu likapanga kumweka sehemu ya pembeni, mbali na wengine. Jumbani nako kulikuwa na basi lenye viti vya nyuma! Watu wakapiga kelele, wakarudi nyuma, Paige akawekwa na wenzake.

Mwenyekiti ananionyesha kikaratasi. Dakika tano? Umenidhulumu, lakini sawa.

Basi haraka. Waandishi wanamshikilia mchezaji miaka 10 kwenye karatasi ya kura, zamani 15. Akikosa, anaangukia kamati ndogo ya watu 16, inatakiwa kura 12, na kila mjumbe anaruhusiwa majina 3 tu kati ya 8. Pigeni hesabu: 16 mara 3 ni 48, gawanya kwa 12, hata wakijaribu kwa nguvu zote wanaoweza kuingia ni 4. Kamati ndogo ni kama kikao cha ukoo, inategemea nani kakaa. Harold Baines, mpigaji mzuri, sina neno naye, kwa waandishi hakuwahi kufika hata asilimia 7. Mwaka 2018 kamati ikampa 12, na mezani alikaa mwenye timu aliyoichezea na meneja wake wa zamani. Dick Allen alipata 11 mwaka 2014. Akafa Desemba 2020. Mwaka 2021 akapata 11 tena! Akachaguliwa Desemba 2024. Ron Santo alifariki Desemba 2010, wakamchagua Desemba 2011, mwaka mmoja na siku mbili. Siku mbili, jamani.

Pete Rose, yule mpigaji gwiji, mtaniuliza, najua. Alicheza kamari kwenye mechi za timu yake mwenyewe, akafungiwa 1989, na 1991 Jumba likatunga sheria kwamba aliyefungiwa hapigiwi kura. Hiyo naielewa. Nisichoelewa ni kwamba alikufa Septemba 2024, na Mei 2025 wakuu wa ligi wakaamua kifungo huisha mtu akifa. Mnaona sasa kwa nini sinyamazi?

Wachezaji Barry Bonds na Roger Clemens, na mambo ya dawa za misuli, nilikuwa na kurasa tatu hapa. Nazikunja. Mwaka wao wa mwisho kwa waandishi ulikuwa 2022, Bonds asilimia 66, Clemens 65, wakabaki nje. Anayetaka ugomvi huo anifuate kwenye chai.

La mwisho, nalo ni la juzi tu. Dave Parker alichaguliwa pamoja na Dick Allen, ile Desemba 2024. Alikuwa hai, anaumwa ugonjwa wa Parkinson, lakini hai, nami nikasema angalau huyu. Sherehe ilikuwa Julai 27, 2025. Akafariki Juni 28. Shairi la siku hiyo alikuwa ameshalitunga mwenyewe. Mwanawe ndiye aliyepanda jukwaani kulisoma.

Chai iko wapi?